Nyambizi Moja, Manahodha Wawili

Wapenzi wa habari za majeshi wana ubishi mmoja usioisha: ofisa wa majini ni sawa na nani nchi kavu? Jibu lenyewe halina utamu. Luteni wa majini ni sawa na kapteni wa nchi kavu, luteni kamanda ni meja, kamanda ni luteni kanali, na kapteni wa majini ni kanali. Juu yao ndipo wanapoanza makomodoro na maadmirali. Mtego uko hapo kwenye "kapteni": anayeongoza kombania ya askari na anayeongoza manowari wanaitwa jina moja, ilhali kati yao kuna ngazi tatu. Nimeshasoma habari za kutafsiriwa zilizomvua ofisa wa watu ngazi hizo zote, na mtafsiri hana habari.

Admirali naye si mgeni kwetu kama anavyosikika. Ni amiri wa Kiarabu, huyuhuyu wa Amiri Jeshi Mkuu, ambaye Wazungu walimwokota Bahari ya Kati wakamsokota jina. Mimi lakini neno ninalolipenda ni nahodha, kwa sababu halina nyota. Nahodha ni mwenye dhamana ya chombo, basi. Awe kijana wa juzi au mzee wa bahari, chombo kikienda mrama ni juu yake.

Na hakuna mahali ambapo cheo na unahodha vimeachana kama kwenye nyambizi. Oktoba 1939, Günther Prien aliipenyeza nyambizi ya Ujerumani usiku ndani ya Scapa Flow, ngome ya wanamaji wa Uingereza, akaizamisha manowari Royal Oak. Walikufa watu zaidi ya 800, akiwemo Admirali Henry Blagrove. Prien alikuwa na miaka 31, na cheo chake kwa nchi kavu kingekuwa kapteni tu.

Leo manahodha wa nyambizi wamepanda kidogo, ila si sana. Nyambizi za Marekani zinazobeba makombora ya nyuklia, zenye mabaharia 150 hivi, kwa kawaida huongozwa na kamanda, yaani luteni kanali wa majini. Mtu wa makamo, pengine nyumbani bado ana watoto wa shule, na chini ya miguu yake kuna silaha za kufuta miji. Admirali wake yuko ofisini, na hata akitaka kumpigia kelele hawezi. Mawimbi ya kawaida ya redio hayapenyi maji ya bahari. Yale ya masafa ya chini sana hupenya kidogo, yakibeba maneno machache kwa kasi ya konokono, na nyambizi huyapokea bila kujibu maana kujibu ni kujitangaza ilipo. Waingereza wameikubali hali hii hadi mwisho wake: waziri mkuu mpya huandika kwa mkono barua nne, moja kwa kila nyambizi ya makombora, zenye maagizo ya kufuata iwapo nchi yenyewe imeshaangamizwa. Zinafungiwa kwenye sefu, na akiondoka madarakani huharibiwa bila kusomwa. Serikali nzima imeishia kumwandikia barua kamanda mmoja!

Kwa hiyo mimi nashikilia kwamba kazi kubwa ya maadmirali wa nyambizi huisha kabla chombo hakijang'oa nanga. Kazi hiyo ni kuchagua nani apewe, na kumnyima asiyefaa.

Katika kunyima, Waingereza ndio mafundi. Tangu 1917 wana kozi ya kuwapima manahodha watarajiwa wa nyambizi, na humo baharini kila mmoja hupewa zamu ya kuwa nahodha. Manowari zinamjia kasi zikimlenga yeye. Anachungulia kwenye periskopu, ile darubini ndefu inayotokeza juu ya maji, kwa sekunde chache, anaishusha, anapiga hesabu kichwani akiwa na saa mkononi: iliyo karibu itanifikia baada ya muda gani, na nina nafasi ya kuchungulia tena kabla sijalazimika kuzama? Mkufunzi, ambaye humo huitwa Mwalimu tu, amesimama nyuma yake kimya. Akiona mwanafunzi amepoteza picha ya kinachotokea juu ya maji, anashika usukani wa mambo yeye. Siku atakapoamua kwamba huyu hafai, hakuna kikao. Mizigo yake inafungashwa, anashushwa kwenye boti, anakabidhiwa chupa ya wiski, na hatafanya kazi kwenye nyambizi tena.

Wako wanaouona huo ni ukatili. Mimi naona ni heshima, kwa sababu moja: havuliwi cheo. Anaweza kwenda kwenye meli za juu, akapanda, hata akawa admirali. Kilichosemwa ni kwamba watu zaidi ya mia hawatawekwa mikononi mwake ndani ya bomba la chuma lililo chini ya bahari. Ni taasisi ngapi zinaweza kumwambia mtu "wewe ni hodari, lakini si kwa hili" bila kumdhalilisha wala kumpandisha ili kumwondoa?

Marekani ilikuwa na Hyman Rickover, baba wa nyambizi za nyuklia, aliyekaa kazini miaka 63 hadi alipostaafishwa mwaka 1982. Yeye aliwahoji mwenyewe maofisa wote waliotaka kuingia kwenye nyambizi hizo, akiwakalisha kwenye kiti kilichokatwa miguu ya mbele ili wateleze. Hapo hapana. Mchujo unaotegemea jicho na hasira za mzee mmoja siuamini hata kama mzee mwenyewe namstahi.

Ila mbinu zote hizi nina ugomvi nazo. Zinampima nahodha peke yake. Aliyesimama nyuma yake, anayeona jambo linaharibika, hakuna anayempima kama atafungua mdomo.

Tarehe 9 Februari 2001, nyambizi ya Marekani Greeneville ilikuwa karibu na Oahu, Hawaii, ikiwatembeza wageni raia 16. Nahodha, Kamanda Scott Waddle, alikuwa hodari na anapendwa. Ratiba ilikuwa imechelewa. Periskopu ikapandishwa, ikazungushwa upesi upesi, ikashushwa, kisha ikaja burudani ya wageni: nyambizi ikazama na kuibuka juu kwa kishindo. Iliibukia tumboni mwa Ehime Maru, meli ya Japani ya kufundishia uvuvi. Walikufa watu 9, wanne wao wanafunzi. Baharia wa mitambo ya kulenga alikuwa na dalili kwamba kuna meli karibu, hakuisema. Na ndani ya chumba hicho alikuwemo kapteni kamili, mkubwa wa Waddle kwa cheo, mnadhimu mkuu wa kikosi cha nyambizi za Pasifiki. Aliona mambo yanakwenda mbio. Akanyamaza, maana chombo ni cha mwenyewe.

Rudi nyuma hadi Oktoba 27, 1962, karibu na Cuba, siku ambazo Marekani na Wasovieti walikaribia kupigana kwa sababu ya makombora ya Kisovieti kisiwani humo. Nyambizi B-59 ya Kisovieti imezama, betri zinakaribia kwisha, hewa ni nzito, joto halisemeki, na manowari za Marekani zinadondosha mabomu madogo ya kuilazimisha iibuke. Mawasiliano na Moscow hayapo. Ndani yake kuna topido moja ya nyuklia, yaani kombora linalopita chini ya maji. Kwa simulizi ya Vadim Orlov, ofisa aliyekuwemo, nahodha Valentin Savitsky alipandwa na hasira, akidhani huenda vita vimeshaanza huko juu, akaamuru topido iandaliwe. Kuna wenzao wanaosema Orlov alitia chumvi, na huenda kweli. Kinachosimuliwa baada ya hapo ni kwamba Vasily Arkhipov, mnadhimu wa kikosi chao, ambaye kicheo alikuwa sawa na Savitsky, alimtuliza hadi wakakubaliana kuibuka.

Ndiyo, mnadhimu tena! Wahenga walisema manahodha wengi chombo huenda mrama, na siku zote nawaitikia. Kwenye B-59 nahodha wa pili ndiye aliyezuia mrama. Arkhipov hakuwa na mamlaka makubwa ya kumpokonya mwenzake chombo. Alichokuwa nacho ni K-19, ile nyambizi ambayo mtambo wake wa nyuklia uliharibika Julai 1961 naye akiwemo, mabaharia wanane wakafa ndani ya wiki chache kwa mionzi. Mtu aliyerudi kutoka huko akisema "subiri," anasikilizwa.

Ningekuwa Mwalimu wa ile kozi, ningeongeza siku moja. Mwanafunzi asiwe nahodha siku hiyo. Awe wa pili, nahodha awe ofisa anayemzidi cheo, aliyeagizwa kukosea kwa makusudi, kwa upole na kwa tabasamu. Kisha nihesabu dakika.

Arkhipov alipanda hadi makamu admirali, akafariki mwaka 1998. Habari za topido ile zilikuja kutangaa mwaka 2002. Aliyekutana naye njiani akiwa na sare yake, miaka yote hiyo, aliona nyota tu.