Jumba la Portland na Fedha Zilizolijenga

Mwishoni mwa miaka ya 1930, jumba moja la karne ya 19 mjini Portland, jimbo la Maine nchini Marekani, lilinusurika kubomolewa ili pajengwe kituo cha mafuta. Mwalimu mstaafu, William Holmes, alilinunua mwaka 1940, akalipa jina la Malkia Victoria, na mwaka uliofuata akalifungua kuwa makumbusho. Mpaka leo linaitwa Victoria Mansion.

Thamani yake haina ubishi. Majumba mengi ya aina hii hujazwa samani zilizookotwa huku na huku, mradi ni za zama zilezile. Hapa karibu kila kitu ni cha tangu mwanzo: samani za Gustave Herter, mhamiaji kutoka Ujerumani, na kuta na dari alizozipamba kwa mkono mchoraji Giuseppe Guidicini. Nje ni mawe ya mchanga ya rangi ya kahawia, ambayo baridi ya Maine huyamenya tabaka kwa tabaka, kwa hiyo ukarabati wake haumaliziki.

Mzozo ni juu ya fedha zilizolijenga. Mmiliki wa kwanza, Ruggles Sylvester Morse, mzaliwa wa Maine, alitajirika kwa biashara ya hoteli huko New Orleans, mji wa kusini mwa Marekani uliokuwa soko kubwa kuliko yote la kuuza watu nchini humo. Yeye mwenyewe alimiliki watumwa. Jumba hili la 1858 hadi 1860 lilikuwa la kupumzikia wakati wa kiangazi tu, katika jimbo lililojiunga na Marekani mwaka 1820 kama jimbo lisiloruhusu utumwa.

Wapo wanaosema mgeni amekuja kuona kazi za mikono, na kwamba kumlaumu Morse kila chumba ni kuwanyima mafundi haki yao. Hoja hiyo siibezi. Wakati wa Krismasi watu humiminika kutazama vyumba vilivyopambwa, na viingilio vyao husaidia kulipia mawe yale yanayomomonyoka. Makumbusho yasiyo na wageni hayaokoi chochote.

Lakini wanaopinga wana neno linalonigusa zaidi. Uzuri una nguvu ya kunyamazisha. Mtu akisimama mbele ya ngazi ya mbao iliyochongwa vile, moyo unamwambia kwamba aliyeishi humo alikuwa mtu mkubwa, na swali la nani alimfanyia kazi halimjii. Siku hizi makumbusho yenyewe hayafichi chanzo cha utajiri ule, na hilo ni jema. Hata hivyo, sentensi moja ya mwongozaji haiwezi kushindana na dari iliyochorwa.

Sisi wa pwani ya Afrika Mashariki jambo hili linatuhusu kuliko inavyodhaniwa. Pamba iliyovunwa na watumwa wa kusini mwa Marekani ilifumwa katika viwanda vya jimbo la Massachusetts, na kitambaa chake kikafika Unguja kwenye merikebu za Salem, bandari ya jimbo hilohilo. Bibi zetu walikiita merikani. Biashara ileile ya pamba ndiyo iliyoijaza New Orleans wafanyabiashara, na wafanyabiashara wanahitaji hoteli za kulala.

Kubomoa, basi, kungekuwa hasara tupu, maana kungefuta ushahidi pamoja na urembo. Ninachokipinga ni kuanzia ziara kwenye ngazi. Jumba lilijengwa likiwa na maji ya bomba ya moto na baridi, taa za gesi, na mfumo wa kuwaita watumishi. Ningependa mgeni aanzie hapo, kwenye mfumo wa kuitia, aulize ni nani waliokuwa wakiitwa hapa Portland, na ni nani kule New Orleans ambao hawakuwa na ruhusa ya kukataa kuja. Akitoka hapo, apande ngazi.