Kisu cha Moto Hakirudishi Kashata

Masika yanakaribia, na kwenye vibanda vya tairi kando ya barabara kazi ni ile ile. Tairi kipara limelazwa chini, kisu cha moto kinapita kuchonga mitaro mipya, nyuzi za mpira zinadondoka mchangani, kisha linapakwa rangi nyeusi na kurudi kwenye rimu. Dereva anaambiwa, "Sasa limekuwa jipya, bosi." Kauli hiyo inapeleka watu makaburini, na inauma zaidi ikitoka kwa fundi aliyeshika matairi miaka mingi.

Tairi la gari dogo linagusa lami kwa eneo la kiganja cha mkono tu. Viganja vinne ndivyo vinavyolisimamisha gari na kulikatisha kona. Lami ikiwa kavu, kinachoshika ni mpira wenyewe, unaojibana kwenye vikokoto. Hapo kipara hana shida, tena anaweza kushika kuliko tairi jipya. Magari ya mashindano hukimbia kwenye lami kavu na matairi yasiyo na kashata hata moja, yaani yale matuta ya mpira yenye mitaro kati yake. Hilo lazima nilikubali, na ndilo linalowapumbaza madereva kiangazi kizima.

Maji yakiingia, hesabu inageuka. Chukua maji ya milimita 3 barabarani, tairi lenye upana wa sentimita 15 na spidi ya 80. Kila sekunde tairi hilo linakutana na lita 10 za maji, nusu ya ndoo kubwa, na lazima yapite mahali. Kashata za milimita 8 zina nafasi ya kuyapitisha. Zikibaki milimita 1.6, kiwango cha chini kisheria kule Ulaya, nafasi ni finyu mno. Zikiisha, maji yanajikusanya mbele ya tairi, yanaingia chini yake na kulinyanyua. Usukani unakuwa mwepesi ghafla, na breki haisaidii kitu kwa sababu tairi haligusi lami. Kwa tairi lenye upepo wa psi 30, hali hiyo huanza kwenye kilomita 90 hivi kwa saa. Ukiacha upepo ushuke hadi psi 20, inaanza kwenye 75.

Kabla hata ya kuelea, umbali wa kusimama umeshaongezeka. Kwa spidi ya 80 kwenye lami kavu, msuguano ukiwa 0.7, gari linasimama kwa mita 36. Lami ikilowa na kashata zikiwa nzima, msuguano unashuka mpaka kama 0.5, nayo ni mita 50. Kipara akibaki na 0.3, ni mita 84. Kutoka 50 hadi 84 ni karibu mabasi matatu makubwa yaliyopanga foleni. Na hapo sijahesabu mita 22 zinazopita katika sekunde moja kabla mguu haujafika kwenye breki.

Mtu atasema basi ndiyo maana tunachonga, maji yapate njia. Hapana. Angalia tairi la gari dogo lilivyojengwa. Juu kuna mpira wa kashata. Chini ya mtaro kunabaki mpira mwembamba, kama milimita 2, halafu tabaka la nailoni, halafu mikanda miwili ya waya. Huo mpira wa chini haukuwekwa ili uchongwe. Mara nyingi hata mchanganyiko wake ni tofauti, umetengenezwa kushikamana na mikanda na kupunguza joto. Ukichonga milimita 2 umefika kwenye nailoni. Mkono ukiteleza kidogo, umegusa waya.

Waya ule umepakwa shaba nyeupe ili mpira uung'ang'anie. Maji na mchanga vikipenya, kutu inaanza, na mpira unaachia waya polepole, ndani, mahali ambapo jicho halifiki. Nje tairi linang'aa rangi. Kisha inakuja safari ndefu: gari limejaa, jua la saa nane, spidi 100. Mikanda inaanza kuachana. Usukani unatetemeka na dereva anadhani ni wili balansi. Uvimbe mdogo unatokea juu ya tairi, halafu ngozi nzima inabanduka kwa mkupuo. Likiwa tairi la mbele, gari linavutwa upande huo kabla dereva hajajua kimetokea nini. Abiria aliyelipa nauli yake hakuulizwa kama anakubali kupanda gari la namna hiyo.

Ndiyo, yapo matairi ya malori yanayoruhusiwa kuchongwa. Yameandikwa REGROOVABLE ubavuni, yana mpira wa ziada chini, na kiwanda kinaelekeza kina cha kukata. Tairi la lori lenye maandishi hayo, kwa fundi mwenye kifaa cha kupima kina, sina ugomvi nalo. Ila mimi hata hilo nisingeliweka mbele kuteremka mlima Kitonga na mvua.

Matairi yanayokuja na magari ya Japani yakiwa na neno STUDLESS ni ya theluji. Mpira wake ni laini mno kwa joto letu, yatoe. Mvua ya kwanza baada ya kiangazi ina utelezi kuliko ya wiki ya pili, kwa sababu mafuta na vumbi bado havijaoshwa. Upepo upimwe tairi likiwa baridi, kwa namba zilizoandikwa kwenye nguzo ya mlango wa dereva.

Ukinunua tairi la mtumba, ingiza kidole kwenye mtaro. Mtaro wa kiwandani ni laini chini, na kila baada ya umbali fulani utakutana na kituta kidogo cha milimita 1.6, alama ya TWI begani mwa tairi inaonyesha kilipo. Kwenye tairi la kuchongwa vituta hivyo vimekatwa, chini kuna mawimbi ya kisu, na vile vichane vyembamba juu ya kashata havipo. Sugua kwa kitambaa chenye petroli. Rangi ikitoka, mwachie muuzaji tairi lake.