Mikorosho ya watu je?

Huku kwetu Mtwara mtu huandikwa wasifu siku anayozikwa. Karatasi moja, inasomwa kwa kipaza sauti watu wakiwa juani: alizaliwa, alisoma, alikitumikia chama, ameacha watoto saba. Nimeandika nyingi za namna hiyo. Ukishajulikana unahariri vitabu, misiba yote ya mtaa ni yako.

Basi mzee mmoja, aliyepata kuwa kiongozi wa chama wilayani, akaniita yeye mwenyewe angali hai. Alikuwa na madaftari manne. "Mwanangu, ninyooshee Kiswahili tu." Kiswahili chake kilikuwa kizuri kuliko changu. Tabu ilikuwa kwenye miaka: daftari la pili linaishia 1972, la tatu linaanza 1977. Katikati hapo watu walihamishiwa vijiji vya ujamaa, naye alikuwa miongoni mwa waliowahamisha.

Nikamuuliza, mikorosho ya watu je? Maana waliohama waliiacha mbali, palizi ikawashinda, pori likaimeza. Msimu wa 1973/74 nchi ilivuna zaidi ya tani 140,000 za korosho, nyingi zikitoka kusini huku. 1986/87 hazikufika 20,000. Bei ilichangia, ugonjwa wa ubwiri unga nao ukaja, lakini kule kuhama kumo, na yeye alikuwepo. Mzee alinyamaza, akanywa chai yake. "Hayo waachie wanahistoria."

Kwangu mimi, kazi ya mhariri inaanzia hapo. Kuweka mkato hata simu inaweza. Kumwambia mtu wa umri wa baba yako kwamba kitabu chake kimeruka miaka minne, na kesho akakufungulia mlango, hilo hufundishwi darasani. Mwandishi wa wasifu wa mwanasiasa akilikwepa, ameandika karatasi ya msibani yenye jalada.

Mkapa, mtu wa Lupaso, Masasi, alikuwa mhariri kabla ya kuwa rais: alihariri magazeti ya Uhuru na The Nationalist, baadaye Daily News. Kumbukumbu zake zilipotoka mwaka 2019, mauaji ya Januari 2001 Zanzibar, polisi walipowapiga risasi waandamanaji, hakuyaruka. Aliyaita doa katika uongozi wake. Doa ni neno dogo mno kwa watu waliokufa, na ningekuwa mhariri wake ningemwambia. Ila ukurasa upo, tunaweza kubishana nao.

Nyerere naye ameandikiwa juzuu tatu, zilizotoka 2020, na Shivji, Saida Yahya-Othman na Kamata. Sawa. Lakini aliyefika kijijini kwenu kusema "kesho mnahama" hakuwa Nyerere. Alikuwa mtu wa wilayani, na huyo haandikwi na yeyote.

Mzee wangu alifariki kabla hatujaelewana. Familia ikanipigia usiku, wasifu unatakiwa asubuhi. Nikakaa nikaandika: alizaliwa, alisoma, alikitumikia chama kwa uaminifu. Mikorosho sikuitaja.