Watford Gap, Segera na haki ya msafiri

Waingereza hawaishi kuisema vibaya Watford Gap. Chai ghali, chakula hakina ladha, kila mtu ana lake. Mimi niliyekulia Tanga na sasa naishi Leicester naiheshimu, na ningependa watu wa nyumbani waijue.

Ni kituo cha mapumziko kwenye barabara ya M1, Northamptonshire, kilomita kama 120 kutoka London. Msikichanganye na mji wa Watford ulio jirani na London. Jina hili limetoka kwa kijiji kidogo. Hapo vilima vinaacha upenyo, na kila aliyetaka kwenda kaskazini ameupitia: barabara ya Warumi, mfereji wa mashua, reli, kisha M1. Barabara ilifunguliwa tarehe 2 Novemba 1959, na kituo siku hiyo hiyo, ingawa majengo hayajakamilika. Chakula kiliuzwa kwenye vibanda vya muda. Walioendesha ni kampuni ya familia ya eneo hilo, Blue Boar.

Miaka ya 1960, usiku wa manane, kupata chakula cha moto Uingereza ilikuwa kazi. Hapo palikuwa wazi. Bendi zikimaliza kupiga miji ya kaskazini zilisimama kula mayai na soseji kabla ya kuendelea na safari ya London: Beatles, Rolling Stones, wote walipita. Husimuliwa kwamba mpiga gitaa Jimi Hendrix alilisikia jina la Blue Boar mara nyingi mno hata akadhani ni klabu ya muziki ya London. Na madereva wa malori walikula humo humo. Mpaka leo Waingereza wanaitaja Watford Gap kama mpaka wa kaskazini na kusini ya nchi yao.

Lakini kinachonigusa zaidi ni masharti. Huku, kituo kikitaka kuwekewa vibao kwenye barabara kuu ya namna hii, lazima kiwe wazi saa 24, siku zote za mwaka, choo kiwe bure, na maegesho yawe bure kwa saa mbili za mwanzo. Hulazimiki kununua kitu. Saa nane za usiku utamkuta mama anambadilisha mtoto nepi, na dereva amelaza kiti amelala. Hakuna anayewauliza wamenunua nini.

Sasa twende barabara ya Dar kwenda Tanga. Kwa chakula tunawashinda, wala sibishani na mtu. Chungwa la Segera, kwenye njia panda ya kwenda Tanga, limemenywa ganda la juu, limekatwa kichwa, unalifyonza dirishani huku mama muuzaji anakimbia na chenji yako. Shida anaipata abiria. Hoteli ya kusimama anaichagua dereva, ambako yeye na konda wanakula bure, na wewe unalipa bei utakayoambiwa. "Dakika kumi!" Chipsi hazijapoa, honi inalia. Pasipo hoteli, basi linasimama porini watu wachimbe dawa, wanaume upande huu, wanawake ule. Mama yangu mkubwa ana magoti mabovu. Akiwa na safari, hanywi maji tangu jana yake. Mtu mzima anajinyima maji ili asiadhirike! Na tangu 2023 mabasi yameruhusiwa tena kutembea usiku, kwa hiyo kuchimba dawa sasa ni gizani, malori yakipita.

Nikisema haya naambiwa Ulaya wana hela. Watford Gap ilianza na vibanda, jamani. Choo, maji na taa havihitaji jengo la vioo. Vinahitaji sharti kwenye kibali cha hoteli ya njiani, na mtu wa kulisimamia.

Wala sitaki tujengewe maduka ya kampuni kubwa na kina mama wafukuzwe. Huko Cumbria, kaskazini mwa Uingereza, barabara kuu ya M6 ilipolikata shamba la familia moja ya wafugaji, wao wenyewe walifungua kituo, Tebay, mwaka 1972. Leo wasafiri wanakisifu kwa nyama na vyakula vya wakulima wa hapo hapo. Segera inaweza hivyo. Kina mama wa machungwa wapewe vibanda vyenye paa ndani ya uzio, mabasi yote yaingie humo kwa nusu saa nzima, na choo kiwe bure kwa kila anayeshuka.