OutKast na nguo za babu: Idlewild ilivaa tu au iliishi?

Mwaka 2006 OutKast, wawili wa hip-hop kutoka Atlanta, wangeweza kuomba lolote na kampuni ya rekodi ikatikisa kichwa. Albamu yao ya 2003, Speakerboxxx/The Love Below, ilikuwa imebeba Grammy ya albamu bora ya mwaka. Wao wakaamua kurudi nyuma miaka sabini. Idlewild, iliyotoka Agosti 2006 sambamba na filamu ya jina hilohilo, inatupeleka jimbo la Georgia, Marekani, la miaka ya 1930: ukumbi wa starehe, pombe ya magendo, André 3000 kwenye piano na Big Boi jukwaani.

Malighafi yake ni kongwe zaidi ya hapo. Ragitaimu, piano ambayo mkono wa kushoto unatembea kama askari huku wa kulia ukirukaruka nje ya mapigo, ilishika kasi baada ya mtunzi Scott Joplin kuchapisha Maple Leaf Rag mwaka 1899. Vodevili nayo ni onyesho la mchanganyiko: mchekeshaji, mwimbaji, mwanasarakasi, kila mmoja na dakika zake. Aliyewahi kulipa kiingilio kuviona vikundi vya sanaa vya Muungano au TOT jijini Dar miaka ya 90 ameshaelewa.

Wapo wanaosema OutKast walivaa nguo za kukodi, na hoja yao si nyepesi. Vodevili ndilo jukwaa ambako wazungu walijipaka masizi wakaigiza Weusi kama mazuzu. Bert Williams, mzaliwa wa Bahamas na mmoja wa wachekeshaji mahiri wa zama zake, naye alijipaka masizi ya kizibo kilichochomwa, ingawa mwenyewe alikuwa Mweusi, ili watazamaji wakubali kucheka. Hata Cotton Club, klabu ya usiku ya Harlem, New York, iliyomkweza mwimbaji na kiongozi wa bendi Cab Calloway, wateja wake kwa kawaida walikuwa wazungu tu. Katika filamu ya Idlewild ubaguzi huo karibu hauonekani. Ukiondoa masizi ukabakiza kofia na suti, unauza enzi ambayo haikuwahi kuwapo.

Nakubaliana nao kuhusu filamu. Kuhusu albamu, sina hakika.

Sikiliza “Mighty O”. Kiitikio chake kimetoka kwa Calloway, kwenye Minnie the Moocher ya 1931, ile mivuto ya sauti isiyo na maana ambayo kiongozi hutupa na ukumbi ukaidaka. OutKast wameikata fupi, wakaizungusha juu ya ngoma nzito ya Kusini mwa Marekani, kisha wote wawili wakashusha mistari kwa majigambo. Calloway aliwaitikisha wazungu waliolipa. Hapa hakuna anayeombwa acheke. Hilo, kwangu, linajibu suala la masizi vizuri kuliko hotuba.

Tatizo langu liko kwingine: hawakuzama vya kutosha. Albamu ina vipande 25, na vingi vimeusahau kabisa ukumbi wa Georgia. “Hollywood Divorce”, pamoja na Lil Wayne na Snoop Dogg, ni wimbo mzuri uliopotea njia. Mwishoni tunapewa zaidi ya dakika nane za gitaa linalolalamika, na sijui limekuja kumtafuta nani. Wenyewe wawili hawakutani mara nyingi, kila mmoja anafika na nyimbo zake. Mtetezi atasema vodevili ndivyo ilivyokuwa, kila mtu na zamu yake. Sawa, ila meneja wa vodevili alijua nani ashuke jukwaani.

Ninayoirudia ni “Morris Brown”. Ni matarumbeta na ngoma za paredi, na anayepiga ni bendi yenyewe ya Morris Brown, chuo cha Weusi cha Atlanta. Miaka michache kabla, chuo hicho kilikuwa kimepoteza ithibati na kuzama kwenye madeni. Hiyo haikuwa nguo ya kukodi. Walikuwa vijana wenye sare zao wenyewe, na wanapiga kama watu ambao kesho wana paredi nyingine.