Marehemu kauliza nani kaanguka

Watu wanadhani kameramani anaangalia anakokwenda. Thubutu. Tangu yule Mmarekani Garrett Brown abuni Steadicam miaka ya 70, kile kifaa cha kuvaa mwilini kinachotuliza kamera ukitembea, madairekta wanataka shoti ndefu za kutembea, na unayetembea kinyumenyume ni wewe, macho kwenye skrini, nyuma kuna dogo kakushika mkanda wa suruali anakuswaga kama ng'ombe wa mnadani.

Sasa siku hiyo tuko Kerege, njia ya Bagamoyo, tunashuti sini ya mazishi. Shoti moja bila kukata, jeneza linakuja mimi narudi nyuma na gimbo, kishikio cha kutuliza kamera, mpaka kaburini, nimefunga lenzi ya milimita 24 maana lenzi pana inaficha mtikisiko. Kaburi tumechimba wenyewe. Wanakijiji tumewakodi walie na wanalia kweli bana, kuna bibi mmoja analia mpaka nasahau ni muvi.

Katikati ya shoti simu ya dogo ikaita. Si akapokea! "Haloo beibi..." mkanda kaachia. Nikakanyaga hewa, nikaona mawingu, nikatua kwa makalio, kamera nimeinyanyua juu kwa mikono miwili maana ni ya kukodi, nyonga yangu haina dhamana.

Hapo bado. Ndani ya jeneza alikuwemo msanii wetu, na pamba zake puani, kwa ajili ya sini inayofuata. Wabebaji watu wetu wanajua, wanakijiji hakuna aliyewaambia, wao wanajua sanduku tupu. Marehemu kusikia kishindo akasukuma kifuniko, akakaa, akauliza, "Oya, nani kaanguka?"

Weee! Mimi nilichoona kwa kule chini ni miguu tu inapita juu yangu, madera, kandambili zinanidondokea usoni, yule bibi kavuka kaburi zima kwa hatua moja. Wabebaji wakacheka mpaka jeneza likawaponyoka, marehemu akateleza akanifuata shimoni, tukawa wawili, na dairekta huko juu anapiga kelele "Usikate! Usikate!"

Jioni wakarudi mmoja mmoja kudai hela na kandambili zao. Bibi akagoma kusogea. Marehemu akajipendekeza, "Shikamoo bibi." "Marahaba ya nini, toa pamba kwanza!" Akatoa. Akaambiwa ale, bibi aone. Akapiga sahani mbili za wali maharage, bibi kamkazia macho hadi punje ya mwisho, ndo akapokea noti zake, akahesabu, akafunga kwenye pindo la kanga.

"Haya, na kesho mnazika saa ngapi?"