Mwenye pagale naye kapiga hesabu

Ukishika barabara ya kutoka Dodoma mjini kwenda Mji wa Serikali Mtumba, ukapita Nzuguni hadi Ihumwa, mapagale yako kila upande. Mengine yameishia kwenye lenta. Mengine yamepauliwa, ila madirisha yamezibwa kwa tofali zilizopangwa kavu bila saruji, na mvua zikianza ndani humo unaota mlenda ambao kina mama wa jirani huuchuma bila kuomba ruhusa ya mtu. Watu wa fedha wakipita hapo wanaona mtaji uliolala. Na kila inapofanyika semina ya makazi hakosekani wa kusimama na kusema Watanzania hawana elimu ya fedha, ndiyo maana mikopo yote ya nyumba nchini haifiki hata asilimia 1 ya pato la taifa.

Takwimu ni ya kweli. Kinachonikwaza ni ile "ndiyo maana".

Rafiki yangu mmoja, mtumishi aliyehamia Dodoma na wizara yake kutoka Dar es Salaam, alikaa mbele ya afisa mikopo akiwa na milioni 15 alizodunduliza. Nyumba aliyoipenda inauzwa milioni 75, kwa hiyo mkopo ni milioni 60, riba asilimia 15 kwa mwaka juu ya salio, muda miaka 15. Riba hiyo si ya kutisha kwa soko letu. Ripoti za Benki Kuu zimekuwa zikitaja 15 hadi 19. Afisa akabonyeza, akamgeuzia skrini: shilingi 839,752 kwa mwezi. "Kaka, hiyo ni kama kodi tu, tofauti hapa unajilipia mwenyewe."

Kodi anayolipa huyu bwana Nkuhungu ni 300,000. Lakini ile sentensi ilimkolea, akatoka bila kuomba jedwali la marejesho. Tulilitengeneza wenyewe jioni ile kwenye simu, tukisubiri kuku aive.

Mwezi wa kwanza, kati ya zile 839,752, riba inachukua 750,000. Deni linapungua kwa 89,752. Mwezi wa pili riba ni 748,878. Hapo alicheka, akasema basi inashuka. Inashuka, ndiyo. Tukateremka hadi mstari wa 60, yaani mwisho wa mwaka wa tano. Jumla aliyokwisha kulipa: milioni 50.4. Salio la deni: milioni 52.05.

Akaniambia nimekosea, nirudie. Nikarudia.

Hiyo ndiyo namba ambayo ningependa ibandikwe ukutani kwenye kila ofisi ya mikopo, kuliko hata ile ya jumla ya miaka 15, ambayo ni milioni 151.2 na ambayo wengi wanaifahamu kwa namna ya "utalipa mkopo mara mbili na nusu". Jumla ya mwisho inamhusu anayefika mwisho. Lakini maisha ya mtumishi hayasubiri mwaka wa 15. Mwaka wa tano anahamishiwa Kigoma. Au mama anaugua kijijini. Au ndoa inayumba, au mtoto wa kwanza anaingia chuo mkopo wa elimu haujatoka. Mtu huyo akitaka kutoka kwenye deni anakuta milioni 50 zake zimelipunguza kwa milioni 8 tu, pungufu kidogo. Nyingine 42 na ushee zimekwenda kwenye riba, na riba haidaiwi kurudi. Anayeacha kupanga akijisifu kwamba hatupi tena hela kwa baba mwenye nyumba, kwa miaka hiyo mitano ametupa wastani wa laki saba kila mwezi kwa benki.

Ukiendelea kuteremka kwenye jedwali, mwaka wa kumi amelipa takriban milioni 100.8 na bado anadaiwa 35.3. Nusu ya deni, ile milioni 30, haiishi hadi miaka 11 na mwezi mmoja. Aliyekopa akiwa na miaka 45 anafika 55, umri wa kustaafu kwa hiari, na zaidi ya nusu ya deni lake bado iko palepale. Wapo wanaojipa moyo kwamba kiinua mgongo kitamalizia. Waliofuatilia mjadala wa kikokotoo cha mafao ya kustaafu, kutoka mkupuo wa asilimia 33 hadi 40 mwaka 2024, wanajua jinsi moyo huo ulivyo mwepesi.

Hakuna wizi hapa, na ni vizuri kulisema hilo wazi. Hesabu ya riba juu ya salio ni ya haki: unalipia kile unachodaiwa, na mwanzoni unadaiwa kingi. Wala benki haijajitungia tu hiyo 15. Hadi mapema 2022 Serikali yenyewe, mdaiwa ambaye hakuna anayemwogopa, ilikuwa ikilipa 15.95 kwa mwaka kwenye hatifungani ya miaka 25. Nani angemkopesha mwalimu wa Chamwino kwa asilimia 9 wakati Hazina inatoa karibu 16 bila usumbufu wa kumfuata mtu? Tena amana za benki nyingi ni za muda mfupi, na nyumba inataka fedha ya miaka mingi. Ndiyo sababu mwaka 2010 ilianzishwa TMRC, kampuni ya kuzipa benki fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo hii. Imesaidia kurefusha muda. Riba haijawa ya kuchekea.

Ndiyo maana ushauri wa kwenye mitandao kuhusu kununua nyumba, ambao mwingi umetoka Marekani, ni wa kuuchukulia kwa tahadhari. Mmarekani aliyekopa kwa asilimia 6.5 kwa miaka 30 atarudisha takriban mara 2.3 ya alichokopa. Sisi kwa 15 tunarudisha mara 2.5 kwa nusu ya muda huo.

Sasa mrudie mwenye pagale, yule asiye na elimu ya fedha. Mpe mshahara uleule na nidhamu ileile ya kutoa 839,752 kila mwezi. Kodi 300,000 inatoka, zinabaki kama 540,000 za saruji, nondo na fundi. Milioni 15 za akiba zinanunua kiwanja na kuinua msingi. Kazi iliyobaki ni ya milioni 60 kwa bei za leo. Vifaa vikipanda bei asilimia 4 kila mwaka, bila kuweka nyongeza yoyote ya mshahara, atamaliza kwa miezi 139, miaka 11 na nusu hivi. Kila kitu, pamoja na kodi aliyolipa wakati wote huo, ni karibu milioni 117 juu ya zile 15. Mwenzake wa benki ametoa 151 juu ya 15 zilezile, na amemaliza miaka mitatu na zaidi baadaye. Kodi nayo ikipanda na mshahara ukigoma, tofauti hiyo inaliwa kiasi, sikatai.

Halafu kuna jambo ambalo hesabu hiyo haijaliweka: hakuna mtu Dodoma anayesubiri kumaliza ndipo ahamie. Anahamia ikiwa imepauliwa na chumba kimoja kina mlango. Dari hakuna, sakafu ni jamvi la zege, mchana joto la bati linawatoa nje wote wakae chini ya mti. Siku hiyo kodi inakoma na zile 300,000 zinahamia kwenye plasta. Na mwezi ambao mtoto ameumwa, ujenzi unasimama, hakuna anayempigia simu. Pagale linavumilia. Huo uhuru wa kusimama una thamani, na kwenye jedwali la benki hauna safu yake.

Lakini nisimpambe kupita kiasi. Shemeji, mke wa huyo rafiki yangu, alisikiliza hesabu zetu hadi mwisho akasema: "Mmeweka saruji, mmeweka nondo. Miaka yangu 11 ya kuchota maji kwenye uwanja wa mtu mmeiweka wapi?" Hatukuwa tumeiweka. Watoto watakulia kwenye vyumba viwili, na mwenye nyumba akiamua kuingiza mwanawe unapewa notisi. Kuishi ndani ya nyumba yako tangu mwezi wa kwanza ni kitu kinachonunuliwa, na hiyo milioni 34 ya tofauti kwa sehemu kubwa ndiyo bei yake. Kuna anayeiona ghali na kuna anayeiona sawa.

Mfumuko wa bei nao uko upande wa mkopaji. Rejesho halipandi, shilingi ndiyo inayochakaa. Kwa mfumuko wa asilimia 4, ile 839,752 ya mwezi wa mwisho itanunua kile kinachonunuliwa leo kwa 466,000 hivi, na ile 151 yote kwa thamani ya leo ni kama 114. Anayetisha watu kwa "mbili na nusu" bila kusema hili anafanya yaleyale ya afisa mikopo, ila kwa upande wa pili.

Na kifo. Mikopo mingi ya nyumba huenda na bima ya maisha: mkopaji akifariki deni linalipwa, mjane anabaki na nyumba yenye milango. Mwenye pagale akifariki mjane anabaki na kuta na shemeji zake. Hoja hii ndiyo inayonipa tabu kuliko zote. Nyingine ya aina hiyo ni hati: benki haikopeshi juu ya kiwanja chenye utata, na katika mji ambao malalamiko ya kiwanja kimoja kugawiwa watu wawili yamekuwa wimbo, kukaguliwa hati na mtu asiyetaka kupoteza fedha zake ni faida. Vilevile mwenye nyumba ya ndoa hawezi kuiweka rehani kisheria bila mwenzake kuridhia, jambo ambalo limewaokoa wengi.

Kwa hiyo sisemi usikope. Nasema bei iliyotajwa dirishani siyo bei. Kuna gharama za mthamini, wakili, usajili wa rehani na bima, na nyingi zinalipwa kabla hujapewa funguo. Kuna kifungu cha kubadilisha riba: ikitoka 15 hadi 18 mwanzoni mwa mkopo huu, rejesho linaruka hadi 966,000. Kuna riba inayohesabiwa kwenye mkopo wote tangu siku ya kwanza hadi ya mwisho, bila kujali umeshapunguza kiasi gani. Utaambiwa ni asilimia 9 na utaona umepata, kumbe kwa miaka 15 ni sawa na 13.6 ya kwenye salio. Na kuna "tukuongezee muda upumue". Miaka 20 badala ya 15 inakupunguzia shilingi 49,678 kwa mwezi, chini ya elfu mbili kwa siku. Inakuongezea milioni 38.5 za kulipa.

Upande wa pili wa hesabu hiyohiyo ndio unaoweza kunibadilisha msimamo. Ukiongeza 100,000 tu kila mwezi juu ya rejesho, ikaenda moja kwa moja kwenye deni, miezi 180 inakuwa 129 na takriban milioni 30 za riba zinayeyuka. Mtu mwenye uwezo huo, na mkataba usiomtoza faini kwa kulipa mapema, mimi simzuii. Ila mtumishi ambaye makato yake tayari yamegusa ukomo, kabakiwa na theluthi moja ya mshahara, hiyo laki ya ziada ataitoa wapi?

Wale wawili hawakuafikiana usiku ule, na kuku alipoa. Baada ya wiki kadhaa walikuja na mpango wao ambao mimi wala afisa hatukuutaja: milioni 15 ziende kwenye kiwanja na msingi, wajenge kwa mshahara hadi kupaua, kisha wakope milioni 30 za kumalizia kwa miaka saba. Rejesho ni 579,000 hivi kwa mwezi, jumla milioni 48.6. Riba ya milioni 18.6 badala ya 91. Shemeji amekubali kuchota maji miaka mitano, si 11, na ameiandika tarehe.

Safari hii ni yeye aliyekwenda benki. Alimwomba afisa amchapie jedwali lote kabla ya kusaini chochote, akasubiri kwenye benchi hadi likatoka, kurasa mbili, akakopa kalamu hapohapo akazungushia salio la mwezi wa 36.